Uliza Bi Makabrasha: Kadi ya babu na chama cha Bwana Mapesa

*Shikamoo Bi Makabrasha. Mimi ni kijana wa miaka 26, naendesha bodaboda, kijiwe changu kipo Mabibo, ila nyumbani ni Bariadi. Mwaka jana tulimzika babu, guku kama tunavyoita kwetu. Kwenye sanduku lake la bati tulikuta risiti za pamba, picha mbili na kadi ya uanachama wa chama cha siasa cha UDP. Binamu zangu walicheka, wakasema guku alikuwa kwenye chama cha mtu mmoja. Mimi sikucheka, lakini sikuwa na la kujibu. Hiki chama kiliwahi kuwa na watu kweli? Na mbona kijiweni nikikitaja kila mtu ananikodolea macho? Mjukuu wa Guku, Mabibo.*

Marahaba mwanangu, na poleni kwa msiba.

Tuanze na binamu zako, maana hao ndio wenye haraka. Waambie hivi: Oktoba 1995 Watanzania walipewa karatasi ya kura ya urais yenye wagombea wanne tu. Benjamin Mkapa wa CCM, Augustine Mrema wa NCCR-Mageuzi, Ibrahim Lipumba wa CUF, na John Momose Cheyo, mwenyekiti wa UDP, mtu wa Bariadi. Cheyo alikuwa wa mwisho, hilo hatulifichi. Lakini wa mwisho huyo alipata kura 258,734. Ukiwachukua hao ukawaleta Uwanja wa Mkapa, unaujaza mara nne na bado wengine wanabaki nje wanagombania kivuli huko Chang'ombe. Kama huo ni "mtu mmoja", basi alikuwa na mwili mkubwa.

Mimi mwenyewe nilimfahamu mmoja wao, na nitakusimulia kwa sababu kadi ya babu yako imenirudisha kwake.

Mwaka ule nilikuwa karani kwenye kituo cha kupigia kura, shule moja ya msingi Magomeni. Tulifika saa kumi na moja alfajiri, watu walikuwa wameshafika kabla yetu. Wengine walikuwa wameweka mawe na ndala kwenye foleni, wamerudi nyumbani kunywa chai. Karatasi hazikuwepo. Saa mbili, hakuna. Saa sita jua la utosi, hakuna. Watu wakaanza kutuimbia sisi makarani kana kwamba tumezificha chini ya kanga. Zilipoingia ilikuwa alasiri imeshakwenda, na tukapigisha kura mpaka giza, kisha tukahesabu kwa karabai iliyokuwa ikizimika kila mara, mwalimu mmoja kazi yake ikawa kupampu tu.

Kwenye foleni ile kulikuwa na mlinzi wa duka la kanga Mtaa wa Kongo, Kariakoo. Msukuma wa Maswa, mrefu, amevaa koti la mvua na mvua hamna. Alikaa na kigoda chake tangu asubuhi, foleni ikisogea naye anasogeza kigoda. Alipofika mezani kwangu akainama, akaninong'oneza: "Mama, wa kwetu yuko wa ngapi hapa?" Karani haruhusiwi kujibu swali hilo, na mawakala walikuwa wametukazia macho. Nikamwambia, "Baba, ingia ndani, soma mwenyewe." Akaniangalia kama mtu aliyekatazwa maji. Nikagundua baadaye, alipochukua muda mrefu kule nyuma ya pazia, kwamba hakuwa msomaji.

Usiku tulipomwaga sanduku, kura za Cheyo kwenye meza yangu hazikufika hata kumi. Nilizishika zote mkononi. Mojawapo alama yake ya vema ilikuwa imekandamizwa mpaka karatasi ikatoboka, na mpaka leo nina hakika hiyo ndiyo yake.

Kisha ikawa bure. Vurugu za siku ile zilikuwa za mji mzima, na matokeo ya majimbo yote saba ya Dar es Salaam yakafutwa, uchaguzi ukarudiwa Novemba 19. Vyama vya upinzani vikasusa. Foleni ya Novemba ilikuwa fupi, hakuna aliyehitaji jiwe. Nilipokutana na yule mlinzi Kariakoo nikamuuliza mbona hakuja. Akasema, "Mama, mimi nilishapiga." Hakuongeza neno.

Sasa twende kwenye chama chenyewe.

Wewe umezaliwa umekuta vyama vingi, kwa hiyo huenda hujui sisi tulitoka wapi. Zamani zetu kura ya ubunge ilikuwa jembe na nyumba: wagombea wawili, wote wa chama kimoja, mmoja alama yake jembe, mwingine nyumba, na bibi zetu walikuwa wakiulizana "umepigia nyumba au jembe?" bila hata kutaja jina la mtu. Tume ya Jaji Francis Nyalali ilipozunguka nchi kukusanya maoni, karibu watu 80 katika kila 100 walisema chama kimoja kinatosha. Tume ikapendekeza vingi hata hivyo, na Julai 1992 mlango ukafunguliwa. UDP ni wa kundi hilo la mwanzo la miaka ya tisini.

Risiti za pamba ulizozikuta kwenye sanduku moja na kadi hazikukaa pamoja kwa bahati. Bariadi, Maswa, Meatu, hiyo ni nchi ya pamba. Mkulima alikuwa anapeleka pamba yake chama cha msingi, chama cha msingi kinapeleka kwenye chama kikuu cha ushirika, na yeye anarudi nyumbani na karatasi. Fedha itakuja. Itakuja lini, hiyo ilikuwa habari nyingine. Mwaka 1994 sheria ikaruhusu wanunuzi binafsi kuingia, na ghafla mtu akaona noti siku ileile aliyopima. Katika hali hiyo anatokea mfanyabiashara wa kwao, huyo Cheyo, anazungumza habari za fedha kukaa mifukoni mwa wananchi, hana haya kulitaja neno lenyewe. Watu wakambatiza Bwana Mapesa. Sisi huku Dar tulilicheka jina hilo. Kwetu sisi tuliolelewa na hotuba za ujamaa, mwanasiasa kutaja pesa waziwazi ilikuwa kama mtu kutaja chakula msikitini mwezi wa Ramadhani. Kule Usukumani hawakucheka, walikuwa na karatasi za pamba kwenye masanduku ya bati.

Hapa nataka usome polepole, maana ndipo siri ya vyama vidogo ilipo.

Mwaka huo wa 1995, katika kura za wabunge, Chadema ilipata asilimia 6.2 ya kura za nchi nzima. UDP asilimia 3.3, karibu nusu yake. Viti vya majimbo? Chadema vitatu, UDP vitatu. CUF ilipata asilimia 5 na viti 24, vyote Zanzibar. NCCR-Mageuzi, iliyokuwa na mafuriko ya watu mpaka barabara zinafungwa, ilizoa karibu asilimia 22 ikaambulia viti 16. Kwetu jimbo anachukua anayeongoza, hata kwa kura moja, na kura za walioshindwa zinaishia pale pale kwenye ubao wa matokeo. Kwa hiyo kura ya yule mlinzi wa Kariakoo na kura ya babu yako zilikuwa na alama ileile, jina lilelile, lakini ya Bariadi ilijenga kiti na ya Magomeni iliishia mkononi kwangu. Ukitaka kumwaga ndoo moja ya maji, imwage kwenye shimo moja utapata dimbwi. Ukiimwaga uwanja mzima wa Jangwani, kesho hutajua kama kulikuwa na maji.

Ndiyo maana nakasirika kidogo ninaposikia watu wakisema "kile kilikuwa chama cha ukabila" halafu wanafunga mjadala. Wasukuma ndio kabila kubwa kuliko yote nchini. Wangekuwa wanapiga kura kwa kabila, Cheyo asingebaki na asilimia 4. Wasukuma wengi, tena wengi sana, waliipigia CCM. Waliompa Cheyo walikuwa watu wa sehemu fulani ya pamba waliomjua, waliofanya naye biashara, na waliokuwa na malalamiko yao. Hiyo mimi naiita siasa ya jirani. Ina ubaya wake, nitaufikia.

Mwaka 2000 Cheyo akarudi tena kwenye urais. Kura zikapanda mpaka 342,891, asilimia 4.2. Na sikiliza hili, kisha walisome binamu zako kwa sauti: katika kura za wabunge mwaka ule UDP ilipata asilimia 4.4 na Chadema asilimia 4.2. Ndiyo, umesoma sawa. UDP ilikuwa mbele. Viti ilipata vitatu tena, Chadema vinne: Hai, Moshi Mjini, Karatu na Kigoma Mjini. Ungesimama kwenye kituo cha daladala cha Posta mwaka ule ukauliza kipi kati ya vyama hivi viwili kitakuja kuitikisa nchi, hakuna ambaye angekuwa na sababu ya kukujibu kwa kujiamini. Vyote vilikuwa vyama vya kwao.

Baada ya hapo njia zikaachana. Mwaka 2005 UDP haikusimamisha mgombea wa urais. Cheyo akaenda kugombea ubunge Bariadi Mashariki, akashinda. Nadhani aliona ni bora ndege mmoja mkononi. Lakini chama kisicho na mgombea wa urais hakina sababu ya kupanda jukwaani Songea au Tanga, na asiyepanda jukwaani hasikiki. Kura za wabunge zikashuka mpaka asilimia 1.4, na kiti kikabaki kimoja, hicho hicho cha mwenyekiti. Jirani yake, Bariadi Magharibi, akaingia Andrew Chenge wa CCM aliyekuwa ametoka kwenye uanasheria mkuu wa serikali. Chadema mwaka huohuo walimsimamisha Freeman Mbowe kugombea urais. Alipata chini ya asilimia 6, ila alizunguka nchi.

Kilichofuata 2010 ndicho kinachoniuma ninapolifungua kabrasha hili. Majimbo mawili ya Maswa na jimbo la Meatu, yale yanayopakana na nyumbani kwenu, yalitoka CCM yakaenda upinzani. UDP hawakuyapata. Yalikwenda Chadema. Shamba alilima Cheyo miaka kumi na tano, akapalilia, akawafundisha watu wa pamba kwamba inawezekana kupigia kitu kingine na jua likachomoza kesho yake. Mavuno akaja kuyachukua mwenye lori. Chadema wakaingia bungeni na viti 23 vya majimbo, UDP kimoja.

Kwa hiyo binamu zako hawajakosea kabisa. Kuanzia 2005 mpaka 2015, bungeni, UDP ilikuwa mtu mmoja. Ila hata hapo kuna kisa. Bunge la 2010 lilikuwa na vyama viwili vyenye mbunge mmoja mmoja wa jimbo, na katika vyote viwili mbunge huyo ndiye mwenyekiti wa chama: Cheyo wa UDP na Mrema, aliyekuwa ameshahama NCCR-Mageuzi kwenda chama cha TLP, mbunge wa Vunjo. Hawa wazee wawili walikuwa wamegombea urais pamoja 1995, na sasa wako benchi moja. Mwanzoni mwa 2011 kanuni za Bunge zikabadilishwa ili upinzani wote, si kambi rasmi ya Chadema peke yake, uweze kushika uenyekiti wa kamati za hesabu. Wabunge wa Chadema wakatoka nje ya ukumbi kwa hasira. Cheyo akakalia Kamati ya Hesabu za Serikali, Mrema ile ya serikali za mitaa, na Zitto Kabwe wa Chadema akabaki na ya mashirika ya umma.

Kwa hiyo chama chenye mbunge mmoja tu kilikuwa kikiwaita makatibu wakuu wa wizara, mmoja mmoja, na ripoti ya Mkaguzi Mkuu mezani, wajieleze. Uliza wengine kama ilikuwa haki. Chadema walisema ni njama ya kuwapunguzia nguvu, na hoja yao haikuwa ya kipuuzi. Mimi nasema tu kwamba guku, kama alikuwa na redio, alimsikia mbunge wake akiuliza zilikokwenda fedha za serikali, na pengine alikunja miguu akajisikia vizuri.

Mwaka 2014, wakati wa mivutano ya Katiba mpya, Cheyo alikuwa mwenyekiti wa Kituo cha Demokrasia, jukwaa la pamoja la vyama vya siasa, akatoka kwenye mazungumzo na Rais Kikwete Dodoma akatangaza kwamba kura ya maoni haitafanyika kabla ya uchaguzi. Mwaka uliofuata UDP haikupata kiti hata kimoja. Ndiyo maana kijiweni hawakijui: wenzako wengi hapo Mabibo wameanza kupiga kura baada ya hapo.

Ule ubaya niliouahidi ni huu. Siasa ya jirani inakupa kiti haraka, kisha inakufungia humohumo. Chama kinamtegemea mtu mmoja, mtu anaitegemea wilaya moja, na wilaya ikichoka, au akija mgeni mwenye sauti kubwa zaidi, hakuna Tanga wala Mbeya ya kukimbilia. Cheyo alikuwa na miaka mitano, 2000 hadi 2005, ya kuondoka Usukumani na kura zake 342,891 akazisambaza. Hakuondoka. Au alijaribu akakosa nauli. Siasa ya nchi hii inakula mafuta.

Kuhusu kadi: tafadhali usiipeleke kwenye laminesheni. Najua hapo Mabibo ziko mashine kila kona na ni bei rahisi. Joto lile linaua wino wa zamani, na plastiki ikishagandana na karatasi ndiyo basi. Iweke kwenye bahasha ya khaki pamoja na zile risiti za pamba, usizitenganishe, uandike kwa penseli nyuma ya bahasha jina la babu, kijiji, na mwaka mlioikuta. Na ukija upande wa Magomeni nipitie, niipige picha.

*Bi Makabrasha, mimi ni wa Mtwara, naishi Mbagala. Kwa nini sisi watu wa kusini tusisajili chama chetu cha kusini tu, tudai korosho zetu? Mchungu, Mbagala Rangi Tatu.*

Haiwezekani, ndugu yangu, na usipoteze nauli. Sheria ya Vyama vya Siasa inakataza chama cha kutetea eneo moja, kabila moja au dini moja. Unatakiwa uwe na wanachama wasiopungua 200 katika kila mkoa kwenye mikoa angalau kumi, na kati ya hiyo angalau miwili iwe Zanzibar, mmoja Unguja na mmoja Pemba. Mchungaji Christopher Mtikila aliligomea sharti hilo la Zanzibar, na chama chake cha DP kikakaa miaka bila usajili kamili mpaka 2002.

Sasa angalia kituko: kwa karatasi, UDP ilikuwa na wanachama Pemba. Kwa kura ilikuwa Bariadi. Sheria inaweza kukuchagulia mahali pa kuandikisha kadi, mahali pa kupendwa haiwezi. Korosho zenu zidaini kupitia vyama vilivyopo, au kwenye ushirika wenu, ambako najua mna la kusema.

*Bibi, na je mtu akigombea bila chama? Mwanafunzi, Ubungo.*

Bado hairuhusiwi. Huyo huyo Mtikila alilipeleka suala hili mahakamani kwa miaka mingi. Mahakama ya Rufani ilimkatalia 2010, Mahakama ya Afrika pale Arusha ikampa ushindi 2013. Sheria haijabadilishwa.

*Bi Makabrasha, toleo lililopita uliandika "Bariadi, mkoani Simiyu" ukizungumzia uchaguzi wa 1995. Mkoa wa Simiyu ulikuwepo lini mwaka huo? Mwalimu mstaafu, Tabata.*

Umenikamata, Mwalimu. Simiyu ilizaliwa 2012. Mwaka 1995 Bariadi ilikuwa Shinyanga. Nimeshairekebisha kwa kalamu nyekundu kwenye nakala yangu.